Shimo la Mkumbushaji

Katika mji wa Cansiyabo, pwani ya mashariki ya kisiwa cha Leyte, mwigizaji hakuwahi kujifunza maneno yake, wala hakuna aliyeona haja hiyo. Mfalme alipanda jukwaani na taji lake la karatasi ya kung'aa, akasimama kifua mbele, akangoja. Chini yake, ndani ya shimo lililokatwa katikati ya ukingo wa jukwaa, alikaa mkumbushaji. Mkumbushaji alimtamkia ubeti, na mfalme akaupokea na kuupaza kwa sauti ya radi. Watazamaji waliusikia kila ubeti mara mbili, kwanza kutoka chini, kisha kutoka juu. Hadi-hadi, mchezo wa wafalme na mabinti wa wafalme, ulichezwa hivyo tangu enzi za mababu, na mji mzima uliridhika nao hivyo hivyo.

Celerina Lagado alilelewa ndani ya shimo hilo. Mama yake, Porferia, ndiye aliyekuwa mkumbushaji wa mji, kazi aliyoirithi kwa baba yake, na kwa kuwa hakuwa na wa kumwachia mtoto alishuka naye. Watu wengine huwakumbuka wakubwa wa utotoni mwao kwa sura. Celerina anawakumbuka kwa nyayo. Aliijua miguu ya mji mzima. Aliwajua mashujaa waliotetemeka magoti huku juu wakiapa kufa vitani. Alimjua binti mfalme mmoja ambaye, kila alipomlilia mpenzi wake, alijikuna shavu la mguu kwa kidole gumba cha mguu wa pili. Tangu hapo Celerina hakuamini kwamba mchezo wa kuigiza ni jambo la juu tu.

Alipokuwa na miaka kumi na mbili, mama yake alikauka sauti katikati ya sikukuu, na msichana akashika nafasi. Alifanya vyema mpaka tendo la tatu. Hapo shetani akampitia. Mfalme wa siku ile alikuwa Teodulfo Cinco, mwendesha baiskeli ya magurudumu matatu ya kubebea abiria, mtu mwenye kifua kama pipa na sauti ya kuamsha majogoo. Celerina alimtungia ubeti wa palepale, wenye vina kamili, unaosema kwamba jeshi la adui limekimbia kwa sababu makwapa ya mfalme yananuka dagaa. Teodulfo aliupokea na kuutangaza kwa fahari zote, mkono kiunoni, na alifika kwenye dagaa kabla hajajua anasema nini. Padre alicheka hadi akatolewa nje kwenda kunywa maji. Celerina alichapwa, lakini alichapwa na mama ambaye mwenyewe alikuwa akijiuma midomo.

Basi mtu aliyeonja hivyo raha ya kutia maneno katika kinywa cha mtu mwingine, ungemzuia kwa lipi? Alikwenda Tacloban kusomea ualimu, na jioni ya kwanza alijiunga na kikundi cha maigizo. Huko alikutana na dunia mpya. Waigizaji walijua maneno yao yote, hata ya wenzao. Mwalimu wao wa jukwaa, mtu mkali mwenye skafu shingoni hata wakati wa joto, alimwambia kwamba mwigizaji wa kukumbushwa ni sawa na mtu mzima wa kulishwa kwa kijiko. Celerina aliona haya kwa niaba ya mji wake, na haya ile akaigeuza kuwa juhudi. Aliandika tamthilia ya kwanza, ikachezwa Tacloban. Aliandika ya pili, ikavuka bahari kwenda Cebu. Ya nne ilipata tuzo Manila, na ya sita ikachezwa Kuala Lumpur mbele ya watu waliosimama kupiga makofi. Zote zilichezwa bila mkumbushaji.

Lakini nyumbani hakuna aliyeona hata moja. Alikuwa amerudi kufundisha katika shule ya sekondari ya mji, na akipita sokoni wachuuzi walimuuliza kama bado anaandika kwa sauti ile ile ambayo wangemuuliza kama bado ana kikohozi. Aliandika katika Kiwaray, lugha ya mama yake, kuhusu watu kama mama yake, na waliozisikia wote walikuwa wageni. Jambo hilo lilimkereketa kama mchanga ndani ya kiatu. Tuzo ya Manila aliitundika ukutani. Mama yake akaitundikia rozari.

Mwaka alipotimiza miaka thelathini na minne, mlango ulifunguka. Mfadhili wa sikukuu ya mtakatifu wa mji alikuwa Mana Salvacion Makabenta, mwenye mashine ya kukoboa mpunga, Mana, yaani dada mkubwa, kwa kila mtu na asiyependa maneno mengi. Alimwita Celerina, akamkaribisha keki ya wali na chokoleti, kisha akamwambia kwamba alasiri ya mwisho ya sikukuu ni yake, alete mchezo wake. Wafalme wangepumzika. Watu wakikaa mpaka mwisho, jukwaa litakuwa la Celerina kila mwaka. Wakianza kuchomoka kwenda kwenye mapigano ya majogoo na karaoke, mwaka ujao italetwa bendi kutoka Tacloban na habari ya michezo ya kuigiza itakwisha.

"Sitahesabu vichwa," alisema. "Nitasikiliza viti tu."

Celerina alirudi nyumbani akikimbia, mwalimu mzima na begi lake, na mbwa wa mtaa wakamfuata wakidhani kuna jambo. Kweli lilikuwapo.

Aliandika tamthilia iitwayo *Posa ya Mgema*. Mgema mmoja aitwaye Kulas, mjane, hodari wa kupanda minazi na asiyejua kuongea na watu walio chini ya mnazi, analetewa posa ya binti yake Ising. Kwa desturi ya Cansiyabo, siku ya posa baba hupokea wageni na mama ndiye hutoa jibu. Mama hayupo. Kwa hiyo Kulas lazima atoe jibu mwenyewe, na mchezo mzima ni mtu huyu anayehangaika kutafuta maneno. Mwisho huyapata, katika hotuba ndefu ambayo Celerina aliiandika, akaifuta, akaiandika upya, hadi akaamini kwamba ndiyo kitu bora alichowahi kukitunga.

Nafasi ya Kulas haikuwa ya mtu mwingine ila Teodulfo. Wakati ule alikuwa amepita miaka sitini, na amekuwa mfalme kwa zaidi ya thelathini. Alimsikiliza Celerina akiwa amekaa juu ya tandiko la baiskeli yake, akakubali, kisha akamwita Inday, yaani binti, kama zamani, na kuuliza swali moja tu.

"Shimoni atakuwepo nani, Inday?"

Celerina akamwambia hapatakuwa na shimo. Safari hii mwigizaji atasema maneno yake kutoka kichwani mwake, kama kwingine kote duniani.

"Kichwani mwangu," alisema Teodulfo, akakipapasa kichwa chenyewe kama mtu anayetafuta kofia. "Haya. Tutaona kama pana nafasi."

Ili asiwe na pa kurudia, Celerina alichukua mbao na nyundo na kuliziba shimo kwa mikono yake. Mama yake alikuja kutazama. Celerina alijua kwamba anapigilia misumari juu ya kiti cha mama yake na cha babu yake, na alingoja kusikia ile methali ya kuacha mbachao kwa msala upitao. Porferia hakuitamka. Aliinama, akaokota msumari mmoja, akauzungusha vidoleni.

"Hii ni ya inchi mbili," alisema. "Ungetumia ya inchi tatu. Hii itang'oka."

Akaenda zake kupika.

Mazoezi yakaanza, na pamoja nayo furaha ambayo Celerina hakuwahi kuipata Manila. Teodulfo aliyafunga maneno yake kwenye usukani wa baiskeli na kuyasoma akikanyaga pedali. Alimgonga mbuzi wa duka la dawa, akamwomba radhi kwa maneno ya tendo la pili. Abiria walipanda kwenda sokoni wakashuka wakijua nusu ya mchezo. Wanawake wa samaki walimsahihisha akiruka mstari, na bibi mmoja alikataa kushuka mpaka ajue kama Ising ataolewa. Jovelyn, msichana wa duka la simu aliyepewa nafasi ya Ising, alisema wateja wanamjia na kumuuliza kama kweli anampenda yule kijana. Mji ulikuwa ukichemka kama chungu cha wali. Katika zoezi la mwisho Teodulfo alisema hotuba yote, toka mwanzo hadi mwisho, bila kukosa neno, na Celerina alimkumbatia mpaka jasho likamhamia yeye.

Sikukuu ikafika. Asubuhi mtakatifu alizungushwa mji mzima akinyeshewa maua, mchana kila nyumba ikaweka mezani nguruwe wake mzima wa kuokwa, ngozi ikialika kama kuni kavu, na tembo jekundu la mnazi likapita mikononi. Alasiri watu walijaa mbele ya jukwaa, wengine wakiwa na viti vyao, wengine na sahani zao. Mana Salvacion alikaa safu ya mbele, upepeo mkononi. Porferia alikaa nyuma yake. Celerina alisimama nyuma ya pazia.

Pazia likafunguka, na mchezo ukapaa. Teodulfo alipotoka na panga la kugemea kiunoni, watu walimshangilia kabla hajafungua kinywa. Walicheka palipotakiwa kuchekwa na hata pasipotakiwa. Jovelyn alipokataa kumwambia baba yake jina la mchumba, wanawake watatu walimtajia kutoka kwenye viti. Celerina alijiziba mdomo asipige kelele. Walikuwa wanasikia. Watu wake walikuwa wanamsikia.

Ukaja mkutano wa posa. Wageni waliingia na zawadi zao, wakaketi. Baba wa kijana, aliyeigizwa na fundi cherehani wa mtaa, alisimama, akavua kofia, akauliza kama nyumba hii ina jibu gani.

Teodulfo alifungua kinywa, na hapakutoka kitu.

Alikifunga, akakifungua tena. Kisha miguu yake, miguu yenye mazoea ya miaka thelathini na zaidi, ikamchukua yenyewe hadi katikati ya ukingo wa jukwaa, na Teodulfo akasimama akizitazama mbao zilizopigiliwa. Mji wote ulijua anatafuta nini.

"Wamefunga, Mano," akasema mtu kutoka kwenye umati, akimwita kaka mkubwa kama mji wote ulivyomwita. "Bisha hodi."

Kicheko kikapita. Teodulfo hakucheka, na kicheko kikafa. Nyumba ya jirani karaoke ikaanza kunguruma. Kule nyuma kiti kikakwaruza sakafu, kikafuata kingine. Celerina alichungulia penye upenyo wa pazia, akamwona Mana Salvacion amegeuza shingo, anasikiliza.

Hakufikiri. Aliruka nyuma ya jukwaa, akainama na gauni lake la sikukuu, akajipenyeza chini kati ya nguzo, akatambaa juu ya vumbi na manyoya ya kuku mpaka alipolala chali chini ya mbao zake mwenyewe. Penye ufa aliona kandambili za Teodulfo. Zilikuwa zinatetemeka. Akamtamkia mstari wa kwanza wa hotuba, lakini mbao zikaimeza sauti. Akautamka tena, kandambili hazikusogea. Ndipo akakunja magoti na kuzipiga mbao mateke kwa nguvu zake zote.

Misumari ilikuwa ya inchi mbili. Mbao ziliruka juu kama vifaranga, watu wakashtuka na kusimama, mwanga ukaingia, na juu ya shimo ukainama uso wa Teodulfo, umejaa furaha ya mtoto aliyepotea sokoni na kumwona mama yake.

Jambo la kwanza lililomtoka Celerina lilikuwa la mtu wa jukwaa kwa mtu wa jukwaa. Alimnong'oneza, "Sogea kulia kidogo, Mano, umemziba Jovelyn."

Na Teodulfo, ambaye maisha yake yote hakuwahi kusikia neno kutoka shimoni bila kulipokea, aliinua kifua, akageukia wageni wa posa, akaunguruma, "Sogea kulia kidogo, Mano, umemziba Jovelyn."

Watu waliangua kicheko ambacho hakikuwa cha dhihaka. Celerina, akiwa amelala pale na kuku mmoja pembeni, alisikia jambo lingine chini ya kicheko. Viti vilikuwa vinarudi. Waliokuwa wanaondoka walikuwa wanakuja mbele waone.

Sasa angeweza kumpa mstari ulio sahihi. Teodulfo angeupokea, na wa pili, na wa tatu, na mchezo ungekwisha salama, mchezo wa kulishwa kwa kijiko. Lakini alikuwa amelala chali ndani ya shimo, mikono kifuani, vumbi usoni, na mbele ya macho yake palisimama mjane asiye na maneno. Akavuta pumzi, na badala ya kunong'ona akapaza sauti ili mji wote usikie.

"Kulas, mume wangu. Hata kaburini sipumziki? Lazima nikuelekeze pa kusimama?"

Teodulfo akawageukia wageni.

"Hata kaburini sipumziki?" aliwauliza kwa uchungu mkubwa. "Lazima nikuelekeze pa kusimama?"

Bibi mmoja alianguka kutoka kwenye kiti chake kwa kucheka na akaendelea kucheka chini. Celerina alihisi yale yale aliyohisi siku ya dagaa, ila sasa alikuwa mtu mzima na alijua la kufanya nayo.

"Waambie binti yetu si nguruwe wa sikukuu, hatolewi kwa sababu wageni wameshafika."

"Waambie binti yetu si nguruwe wa sikukuu."

"Usiseme waambie."

"Usiseme waambie," Teodulfo aliwaonya wageni.

Fundi cherehani naye alikuwa mwana wa Cansiyabo, hakutaka kuachwa nyuma. Alisogea mpaka kwenye shimo, kofia kifuani, akaliinamia kwa heshima zote. "Utusamehe, mama wa binti," alisema. "Tuliambiwa hupo." Celerina akamjibu kutoka kaburini kwamba mwanamke wa mji huu hakosi posa ya mwanawe kwa sababu ndogo kama kufa. Akamuuliza kama kijana ana kazi, na kijana mwenyewe akaja mbio kujieleza mbele ya shimo, akijikwaa kwenye zawadi. Hakuna hata mstari mmoja uliokuwa umeandikwa. Celerina alitunga, Teodulfo akapokea, wageni wakajibu, na uwanja ukawa kama mtumbwi unaopigwa kasia na watu wote kwa pamoja. Karaoke ya jirani ilinyamaza. Wenye nyumba walikuwa wamepanda ukutani kutazama.

Kisha akashusha sauti. Aliona kandambili zimeacha kutetemeka, na pembeni yake aliiona miguu ya Jovelyn, vidole vimekunjwa. Akasema, taratibu, "Kulas, mwambie Ising neno langu la mwisho."

Alingoja mwangwi. Haukuja. Teodulfo alikuwa amenyamaza, lakini si kwa kupotea. Alikuwa anafikiri. Kisha akasema maneno ambayo hayakutoka shimoni wala kwenye usukani wa baiskeli, maneno yake mwenyewe ya kwanza katika miaka yote ya kusimama jukwaani.

"Hilo mwambie mwenyewe. Yupo hapa, anakusikia."

Na Celerina Lagado, mwandishi wa tamthilia zilizochezwa ng'ambo, alilala pale bila neno hata moja. Akasikia kitu kikiburuzwa vumbini. Mto wa kukalia, ule uliopauka wa mkumbushaji, ulisukumwa chini ya kichwa chake, na sauti iliyokauka kidogo ikamfikia sikioni.

"Sema, Inday. Tunangoja."

Mama yake alikuwa ametambaa mpaka huko, na rozari na viatu vya kanisani. Hakumpa maneno. Alishika tu mkono wake, na Celerina akasema kwa sauti iliyofika mpaka safu ya mwisho:

"Ising, mwanangu. Nenda ikiwa unataka kwenda. Usiende kwa kuwa sisi tumejibu."

Jovelyn alipiga magoti, akaingiza mkono shimoni, na mikono miwili ikaupokea. Alilia kweli, mpaka rangi ya macho ikamfika kidevuni. Teodulfo alingoja mpaka alipotosheka, kisha akawageukia wageni. "Mmesikia," alisema. "Jibu ni lake." Na Ising akajibu, na mji ukaruka juu. Hotuba ile ndefu, bora kuliko zote, haikusemwa siku hiyo wala siku nyingine. Celerina aliikata mwenyewe kesho yake na hakuitafuta tena.

Alipotoka chini ya jukwaa, gauni jeusi kwa vumbi na unyoya kichwani, watu walikuwa bado wanapiga sahani kwa vijiko. Teodulfo alikuwa akimweleza kila mtu kwamba ameongea, ameongea mwenyewe, na akiulizwa alisema nini alirudia, na kila akirudia maneno yaliongezeka. Mana Salvacion alifunga upepeo wake.

"Sikusikia viti tena," alisema. Akalitazama shimo. "Mwaka ujao lipanuliwe. Limekuwa na watu wawili."

Porferia alikuwa akiokota misumari na kuitia mfukoni.

Tangu mwaka ule Celerina haandiki tamthilia isiyo na mtu chini. Katika orodha ya wahusika jina la kwanza huwa ni la huyo: Aliye Chini. Wakati mwingine ni marehemu, wakati mwingine ni mto wa maji, na katika ule mchezo uliozungushwa nchi nzima ni mtoto ambaye bado hajazaliwa na tayari ana maoni. Manila walilazimika kukata sakafu ya ukumbi mzuri, na fundi wao alinung'unika wiki nzima. Yule mwalimu wa skafu alikuja kutazama, na baada ya mchezo aliomba kushuka mle aone dunia inavyoonekana kutoka huko. Celerina alimwonyesha nyayo.

Lakini michezo yote huanzia Cansiyabo, alasiri ya mwisho ya sikukuu. Wiki kadhaa kabla, Celerina huenda na maandishi mapya kwenye kituo cha baiskeli. Teodulfo, ambaye sasa hubeba abiria mmoja mmoja kwa sababu ya magoti yake, huyapokea, huyafunga kwenye usukani na kuuliza lile swali lake.

"Shimoni atakuwepo nani, Inday?"

"Mimi, Mano."

"Haya," husema Teodulfo, na kuanza kukanyaga pedali. "Basi uje na maneno yako. Mimi nitakuja na yangu."